Nani Ataitika Jina la Mjomba

Matombo Misheni
3 Machi 1974

Mdogo wangu Severini,

Salamu zangu mimi dada yako Anastasia zikukute salama huko Sri Lanka. Bibi Kristina naye anakusalimu. Amekaa hapa ubavuni akiitazama kalamu kana kwamba namwibia kitu. Sisi tu wazima. Masika yamewahi, upepo umeangusha migomba ya kule juu, lakini mikungu tumeiwahi. Mbuzi wa Bibi alizaa mapacha, mmoja amekufa. Iliki mwaka huu ni nzuri, sijui kama huko mnafundishwa chochote ambacho mjomba hakukijua.

Barua yako ya rambirambi ilifika matanga yakiwa yamekwisha. Nilimsomea Bibi yote, hata yale maneno yako ya kisomi. Hakulia. Aliuliza tu, "Anakuja lini?"

Sasa nisikilize. Wazee wa ukoo wamekaa, na jina la Mjomba Leonard limekuangukia wewe. Halikuwa na ubishi. Mama yetu alikuwa dada yake wa pekee, na wewe ndiye mtoto wa kiume aliyemwacha. Desturi unaijua, ila umekaa sana na wageni, acha nikukumbushe: utakalishwa kwenye kigoda chake, utapewa jina, na tangu siku hiyo wewe ndiye yeye. Bibi aliyemzaa atakuita Leonard, na wewe utamwitikia. Mzee Lukasi amesema shughuli iwe Agosti, baada ya mavuno. Masomo yako yanaisha Juni, kwa hiyo nafasi ipo.

Lipo na jingine, nimeliacha mwisho kwa sababu sikupenda kulianza. Kila alfajiri panga linanolewa nyuma ya nyumba. Unakumbuka mjomba alivyokuwa akinoa kabla ya kwenda shamba, taratibu, akipumzika katikati kutema mate. Ni vile vile. Mara ya kwanza nilitoka na taa nikijua ni mwizi. Hapakuwa na mtu. Kinoo kilikuwa kimelowa maji, na kwingine kote kulikuwa kukavu.

Bibi haogopi. Husema, "Leonard ameamka," halafu hujivutia shuka akalala tena. Mimi naogopa, nisikudanganye. Njoo, mdogo wangu, uchukue kilicho chako.

Dada yako,
Anastasia


Matale, Sri Lanka
28 Aprili 1974

Dada Anastasia,

Shikamoo. Na Bibi mfikishie shikamoo yangu kwa mikono miwili. Mimi mzima, ingawa nimeumwa tumbo kwa pilipili ya huku, ambayo watoto wadogo wanaila bila kutoa machozi. Nimeshajifunza kubandua mdalasini. Watu hukaa chini, kijiti wamekibana kwa mguu, wakalikwangua gome kwanza, wakalisugua kwa fimbo ya shaba, kisha ndipo hulibandua kwa kisu kifupi. Gome hutoka jembamba mno. Sisi kwetu tunapiga tu kwa panga na kupoteza nusu. Nikirudi nitawafundisha.

Kuhusu lile jambo la wazee, nimelisoma.

Nyumba ninayopanga ina msiba. Mume wa Mama Somawathi, mwenye nyumba wangu, amefariki mwezi huu. Alikuwa mzee wa ulevi, lakini hakuwa na ubaya na mtu. Huku rangi ya msiba ni nyeupe. Walitundika vipande vya karatasi nyeupe kando ya njia yote, na langoni wakafunga kitambaa kirefu chenye maandishi. Niliuliza kimeandikwa nini. Mtoto wao akanisomea: jina la mzee, na chini yake, apate raha ya nivan.

Nikafikiri ndiyo mbingu yao. Mama Somawathi akasema hapana. Wao huamini kwamba mtu akifa huzaliwa tena, mara nyingi mno, na kila mara huanza upya kuhangaika. Nivan ni kutoka katika hayo. Nilipomuuliza kwa lugha nyepesi anamtakia nini mumewe, alinijibu, "Asirudi tena."

Nilishtuka, dada. Yule mama alikuwa akilia kwa uchungu wa kweli huku akimwombea mumewe asirudi. Sisi nyumbani hatumwachi mtu aende. Tunamvuta, tunamtafutia mwili, tunamkalisha kwenye kigoda. Sikuwahi kufikiri kwamba yawezekana kufanya vingine.

Nauliza tu: hakuna mpwa mwingine katika ukoo, hata wa mbali?

Mdogo wako,
Severini


Matombo Misheni
2 Juni 1974

Severini,

Salamu nazitoa kwa sababu nilifundishwa adabu. Hujambo? Bibi hajambo, ila miguu imevimba na hashuki tena kwenda Misa. Mbuzi aliyebaki amenenepa.

Mimi nakuandikia habari ya jina, wewe unanijibu habari ya mume wa watu. "Nimelisoma." Ndiyo jibu hilo? Hata karani wa wilaya angeongeza neno. Na eti mpwa mwingine! Tumchukue wapi, kwa jirani? Mama yetu alizaa wawili, mimi na wewe. Mimi ni mwanamke, na jina la mwanamume halimkalii mwanamke. Hapo hesabu imekwisha.

Sasa jambo limekuwa na haraka. Mwenyekiti amepita huku juu na watu wa Operesheni. Wote tutashuka tukakae kijijini, kando ya barabara, kabla ya mvua za vuli. Kuna zahanati, wamesema, na bomba. Nyumba za huku zitabomolewa ili watu wasirudi. Wengine wanaguna, wengine wamefurahi. Mimi ningependa lile bomba, kusema kweli, maana mgongo wangu umechoka na ndoo.

Lakini Bibi amekataa. Hasemi kwamba anapenda shamba wala nini. Anasema, "Siwezi kumwacha mwanangu peke yake." Jina likishapata mwenyewe, mjomba ataondoka na huyo mtu, popote aendako, na Bibi atafunga mzigo wake siku hiyo hiyo. Lisipopata, sisi tutashuka na yeye atabaki huku akinoa panga kwenye magofu, bila mtu wa kumwambia kwamba kumekucha. Ndivyo Bibi anavyoona, na mimi ninayemsikia kila alfajiri naona hivyo hivyo. Mwenyekiti alitaka kumbeba kwa nguvu. Nilimwambia ajaribu.

Na hiyo nivan yako nimeiulizia kwa padri. Alisema si mambo yetu, tuwaombee marehemu pumziko, kisha akataka kujua kama huko kuna Wakatoliki. Sikuridhika. Mtu asirudi, aende wapi? Na akiwa huko nani atamwita? Ukipata mwenye kujua, muulize vizuri uniandikie, maana neno hilo limenikaa kichwani wakati wa kupalilia.

Ila kwanza jibu swali langu. Unakuja?

Dada yako


Matale
21 Julai 1974

Dada Anastasia,

Shikamoo, wewe na Bibi. Poleni na habari ya kuhama. Huku mvua ni za wastani na chakula kipo.

Masomo yameongezwa hadi Desemba. Sina la kufanya.

Lile neno nimelifuatilia kama ulivyoagiza. Karibu na chuo kuna hekalu, na mtawa wake mmoja, mzee sana, anajua Kiingereza. Nimeshakwenda kwake mara kadhaa baada ya vipindi. Huwa anafagia ua, nami humsaidia kuzoa majani.

Anasema nivan si mahali, kwa hiyo kuuliza mtu anakwenda wapi ni sawa na kuuliza moto umekwenda wapi baada ya kuzimika. Haukwenda kokote. Kuni zimekwisha. Kuni zenyewe ni kutaka: nitakiwe, niogopwe, nisisahauliwe, hiki kiwe changu, yule awe wangu. Mtu akiamka akayaona mambo yalivyo, huacha kuuchochea moto, na ukizimika hapo ndipo penye utulivu. Akasema pia kwamba si jambo la wafu. Wachache hufika wakiwa hai, wanakula na kufagia ua. Nilimuuliza mbona basi langoni kwa Mama Somawathi wameliandika kwa ajili ya yule mzee wa ulevi. Akacheka. Alisema watu huliandika kwa kila maiti, na yeye huwaachia, kwa sababu ni nia njema na kitambaa si ghali.

Dada, niliguswa sana. Nilimfikiria mjomba anavyosumbuka na lile panga.

Kwa hiyo nimemfanyia jambo. Mama Somawathi alikuwa na sadaka ya miezi mitatu ya mumewe. Watawa wanalishwa, wanasoma, halafu wafiwa wanashika birika na kumimina maji katika kikombe kilicho juu ya sahani, hadi kikombe kijae na maji yafurike. Wanasema, wema tulioutenda umfikie marehemu. Nilimwomba naye akakubali. Nilishika birika pamoja nao, nikamtaja Leonard wa Matombo, nikasema apate raha ya nivan. Ilikuwa Jumapili iliyopita. Nilitoka pale nikiwa mwepesi, nikalala mchana kutwa.

Mwambie Bibi asiwe na hofu tena juu yake.

Severini


Matombo Misheni
8 Septemba 1974

Severini,

Umefanya nini?

Barua yako ilinikuta tayari nimeanza kuhangaika, kwa sababu katikati ya Julai panga lilinyamaza. Nilidhani ni baridi, nikadhani nimezoea na sisikii. Nikawa naamka mapema zaidi na kukaa mlangoni. Kimya. Nikapapasa kinoo, kikavu, kina vumbi. Shughuli ya Agosti tuliisogeza tukikusubiri wewe. Halafu ikaja barua yako na Jumapili yako na birika lako, nikakaa chini.

Ungedhani nitashukuru. Mimi ndiye niliyeandika kwamba naogopa. Lakini sikukuomba umfukuze! Nilikuomba uje umchukue. Ni mjomba, Severini. Alitulea wote wawili. Alikula mabaki ili wewe uende shule ya kati. Nilikuwa namwogopa alfajiri, na mchana nilikuwa najisikia nina mtu. Hilo sikukuandikia kwa sababu sikulijua hadi liliponitoka. Sasa nyumba ina ukimya ambao siwezi kuueleza. Hata kuku wanatoka bandani bila sauti.

Bibi hasemi tena kwamba Leonard ameamka. Asubuhi anakaa kitandani, kichwa kaelekeza kule nyuma, akisubiri. Jua likipanda hulala tena akageukia ukutani. Chakula anaonja tu. Juzi ameniuliza kwa sauti ndogo kama mwanawe amekasirika. Nikasema hajakasirika. Akauliza, "Sasa mbona hanisemeshi?" Ningemjibu nini? Kwamba mjukuu wake amemmiminia maji?

Lipo na hili. Nilikwenda Morogoro kuuza iliki, nikapita Ofisi ya Kilimo kuulizia kama masomo yenu yataongezwa tena. Nani namwona mezani? Eustace, mliyepanda naye ndege. Amerudi tangu Juni. Alinisalimia vizuri, akauliza habari zako. Nikamwambia u mzima. Sitasema zaidi, wewe mwenyewe unajijua.

Ninachotaka ni kimoja. Nenda kwa yule mzee wako wa kufagia, umwambie ametusaidia kupita kiasi. Mwambie amrudishe. Watu wa Operesheni wanakuja mwezi wa kumi na moja na Bibi hajafunga hata kikapu.

Anastasia


Matale
13 Oktoba 1974

Dada,

Shikamoo.

Nilikwenda siku ile ile niliyopata barua. Mtawa alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema hakuna mtu aliyemtuma mjomba popote. Maji yale ni kumpa marehemu wema tu, kama kumpelekea ndugu chakula. Nivan haigawiwi. Kila mtu hufika mwenyewe au hafiki, na mtu aliyekuwa bado ananoa panga hawezi kufika kwa birika la mpwa wake. Nikasema, basi kwa nini amenyamaza? Akauliza, "Wewe ulipomimina, ulikuwa unamtaka awe huru yeye, au wewe?"

Nawe habari ya Eustace na masomo sikuelezi, kwa sababu unajua. Niliogopa, dada. Niliona kwamba nikikaa kwenye kile kigoda, Severini atakuwa amekwisha, na hakuna atakayemfanyia matanga.

Sasa naona heri hivyo kuliko hivi. Nimeomba tiketi. Nitafika Dar es Salaam wiki ya kwanza ya Desemba na kuja moja kwa moja. Nitakaa kwenye kigoda. Mwambie Bibi anisubiri, mwambie nakuja kumwitikia.

Severini


Kijijini, S.L.P. ile ile ya Misheni
24 Novemba 1974

Severini,

Nakuandikia nikijua huenda mkapishana angani na barua hii. Hatujambo. Tumeshashuka. Nyumba yetu mpya ni ya tatu kutoka zahanati, na lile bomba lina maji asubuhi tu. Bibi anakula. Jana amemaliza ugali wote na kuomba mchuzi.

Barua yako ilichelewa. Ilifika siku tatu baada ya lori kutushusha.

Walikuja mgambo na lori la Halmashauri, mwenyekiti mbele. Majirani wote walikuwa wameshapakia. Bibi alisimama mlangoni akashika miimo kwa mikono miwili. Hakugombana na mtu. Alisema atatoka mwanawe akimwitikia, basi, halafu akaanza kuita. "Leonard!" Akasikiliza. "Leonard!" Vijana wa mgambo wakaangalia chini. Mzee Lukasi akamwambia, mama, Leonard tulimzika. Bibi akaita tena, na sasa sauti ilikuwa imekatika, ilikuwa ya mtoto aliyeachwa sokoni. Mwenyekiti akawapa vijana ishara wamwondoe.

Mimi nilikuwa nyuma ya nyumba nafunga kuku. Nikaitika.

Sikuitika abee. Niliitika, "Naam, mama." Ilitoka nzito na sikuitengeneza. Nikazunguka nikaja mbele nikasema, "Niko hapa. Twende." Bibi akaachia miimo. Akanipapasa uso wote, macho, kidevu, akasema mbona ulinyamaza hivyo, nikasema nilikuwa mbali. Akapanda lori mwenyewe, kwa miguu yake ile iliyovimba.

Kijana mmoja wa mgambo alianza kucheka, kisha akaona hakuna aliyemfuata.

Wazee walikaa jioni hiyo hiyo, hapa kijijini, mizigo haijafunguliwa. Mzee Lukasi alisema haijawahi kutokea, mwanamke hawezi. Bibi akamwambia, "Nimemwita mwanangu, ameitika. Ninyi mnatafuta nani tena?" Walinipaka unga, wakanikalisha kwenye kigoda. Ilikuwa kweli ilivyosemwa, jina hili halikukatwa kwa kipimo changu. Lakini limeingia.

Nisikufiche, kuna utulivu. Alfajiri naamka peke yangu, natoka nyuma, nanoa panga, naenda kwenye shamba la kijiji. Siogopi kitu. Nikirudi Bibi ananiita mwanangu na watoto wananiita babu. Hakuna anayesema Anastasia. Juzi nilikuwa mtoni peke yangu nikajaribu kuliita jina hilo kwa sauti, nikasubiri, na ndani yangu hakuna aliyetaka kuitika. Nililia kidogo, kisha nikajaza ndoo. Hilo ndilo ulilokuwa unaliogopa, na sasa naelewa kwa nini ulitaja chuo na tumbo na mvua na kila kitu ila hilo. Sikukasirikii.

Muulize mtawa wako, kabla hujaondoka, kama mtu akipotea hivi akiwa hai naye huandikiwa kitambaa.

Njoo tu. Kigoda kina mtu, hutakaa. Utakuja kama Severini, ulivyotaka, na utatufundisha kubandua mdalasini. Ila ukifika mlangoni Bibi atakuwa amekaa hapo, masikio yake bado mazima, kwa hiyo usije ukaropoka ukaniita dada. Vua kofia, uiname, useme shikamoo mjomba.

Nami nitakuitikia marahaba.

Mjomba wako,
Leonard